Ajira ya huruma serikalini India: jinsi ya kuandaa ombi la familia ya mtumishi aliyefariki

Kazi hairithiwi. Familia nyingi za watumishi wa serikali ya India hulijua hilo zikiwa tayari zimeshika barua ya kukataliwa. Baba alikuwa karani, amefia kazini, na matanga hayajaisha majirani wameanza kumwambia kijana: nenda kachukue nafasi ya baba yako. Kijana anakwenda, anaandika kana kwamba anadai chake, na faili linaanza vibaya siku ya kwanza.

Ajira ya huruma ni jambo jingine kabisa. Serikali inakubali kuruka mtihani wa ushindani kwa sababu moja tu: mtafutaji ameondoka ghafla, na waliobaki hawana cha kuwavusha. Mahakama ya Juu ya India ililisema hilo wazi mwaka 1994, katika shauri la Umesh Kumar Nagpal dhidi ya Jimbo la Haryana, na mahakama za chini zimekuwa zikilirudia tangu hapo. Karatasi yoyote utakayoipeleka itapimwa kwa swali hilohilo: je, familia hii ina dhiki, na dhiki hiyo bado ipo leo?

Maelezo haya yanahusu watumishi wa kiraia wa serikali kuu, yaani wizara, idara na ofisi zilizo chini yake. Mwongozo mkuu ni waraka wa idara ya utumishi, DoPT, wa tarehe 9 Oktoba 1998, uliokusanywa upya tarehe 16 Januari 2013 na tena tarehe 2 Agosti 2022. Shirika la reli lina utaratibu wake, mabenki ya umma yana wao, na kila jimbo lina kanuni zake. Uttar Pradesh inatumia kanuni za 1974, ambazo hutoa miaka 5 ya kuomba. Karnataka inatumia kanuni za 1996, na huko mwombaji mtu mzima ana mwaka mmoja tu tangu kifo. Kwa hiyo ukiwa Mombasa au Dar es Salaam unamsaidia shemeji aliyeko Kutch, katika jimbo la Gujarat, kujaza karatasi zake, muulize kwanza: marehemu alikuwa akilipwa na Delhi, yaani serikali kuu, au na serikali ya Gujarat? Ukikosea hapo, utajaza fomu isiyo yako na kuhesabu muda usio wako.

Hatua ya 1: Hakikisha marehemu anaingia kwenye utaratibu

Awe alikuwa mtumishi wa kawaida katika utumishi wa serikali. Familia ya kibarua wa kutwa, mtu wa mkataba, mwanagenzi, aliyeajiriwa kwa muda au mstaafu aliyerudishwa kazini haihusiki, hata kama alikaa ofisini hapo miaka 15. Barua yake ya uteuzi na kitabu chake cha utumishi ndivyo vitakavyosema.

Sababu ya kifo haichaguliwi. Waraka unataja waziwazi kwamba hata aliyejiua anahesabiwa kuwa amefia kazini. Familia hulificha jambo hili kwa aibu, na matokeo yake cheti cha hospitali kinasema hivi, taarifa ya polisi inasema vile. Usiingie mtego huo, maana ukweli haukupunguzii kitu na tofauti kati ya karatasi mbili inakucheleweshea miezi.

Mtumishi aliyestaafishwa kwa ugonjwa naye anaingia, mradi alistaafishwa kabla ya kufikisha miaka 55, au 57 kwa waliokuwa kundi D la zamani, ngazi ya chini kabisa ya watumishi. Kwa aliyepotea, familia husubiri angalau miaka 2 tangu siku aliyopotea, na lazima iwe imeandikisha taarifa polisi. Ombi halipokelewi iwapo alikuwa amebakiza chini ya miaka 2 kustaafu alipotoweka, au iwapo anashukiwa kukimbia na fedha, kujiunga na kundi la kigaidi au kwenda nje ya nchi.

Hatua ya 2: Karatasi za mwezi wa kwanza

Anza na cheti cha kifo. Kwa sheria ya India ya 1969 kifo huandikishwa ndani ya siku 21. Kuanzia siku ya 22 hadi ya 30 utalipa faini ndogo, baada ya hapo hadi mwaka mmoja utahitaji kibali cha ofisa, na ukipitisha mwaka utahitaji amri ya hakimu. Chukua nakala nyingi zilizothibitishwa, kwa sababu pensheni, bima, benki na ofisi kila mmoja atataka yake.

Ya pili ni hati ya warithi hai, inayotolewa na ofisi ya Tehsildar, yule ofisa wa serikali anayesimamia ardhi na mapato katika eneo. Hii ni tofauti na hati ya mirathi ya mahakamani, ambayo hutumika kudai madeni na hisa za marehemu. Wapo mawakili wanaoipeleka familia mahakamani kutafuta ile ya pili, fedha na miezi vinateketea, kumbe ofisi ya marehemu ilikuwa inangoja ya kwanza tu. Uliza ofisi kwa maandishi inataka ipi.

Kisha omba kuona fomu ya maelezo ya familia ambayo marehemu mwenyewe aliijaza kazini. Linganisha majina herufi kwa herufi: fomu hiyo, kitambulisho cha Aadhaar, cheti cha shule, cheti cha kifo. Jina lililoandikwa pamoja pale na kutenganishwa huku, tarehe ya kuzaliwa inayopishana kwa mwaka, binti ambaye hakuwahi kuongezwa kwenye orodha baada ya kuzaliwa, hayo ndiyo yanayolirudisha faili. Rekebisha sasa kwa hati ya kiapo, kabla hayajageuka hoja mikononi mwa karani.

Wakati huohuo dai mafao yote: pensheni ya familia, kiinua mgongo cha kifo, malipo ya likizo ambazo hakuzitumia (mwisho siku 300), akiba na bima ya kikundi, ambayo kwa kundi C, ngazi ya makarani na watumishi wa chini, ni rupia 30,000. Kuna imani mtaani kwamba ukiacha mafao bila kuyachukua utaonekana maskini zaidi. Si kweli. Ofisi ndiyo inayokokotoa mafao unayostahili, na itayahesabu umeyachukua au hujayachukua.

Hatua ya 3: Nani aombe

Hapa ndipo maombi mengi yanapofia, kwa hiyo tukae kidogo.

Anayeruhusiwa ni mjane au mgane, mtoto wa kiume, mtoto wa kike, pamoja na wa kuasili aliyeasiliwa kisheria marehemu akiwa hai. Marehemu akiwa hakuoa au hakuolewa, ndugu yake wa kiume au wa kike aliyekuwa akimtegemea kikamilifu anaweza kuomba. Wazazi hawamo. Mkwe hayumo, mpwa hayumo, mjukuu hayumo. Mtoto wa kiume aliyeoa alifungiwa mlango kwa muda, kisha ukafunguliwa na waraka wa 25 Februari 2015: sasa anaweza kuomba kama anatimiza masharti mengine. Binti aliyeolewa naye hutakiwa kuonyesha kwamba alikuwa akimtegemea marehemu na kwamba atawatunza waliobaki nyumbani. Ithibati ya utegemezi huo ndiyo kazi ngumu, kwa sababu ofisi itauliza kwanza mumewe anapata nini.

Watoto wa mke wa pili wamebishaniwa sana. Tarehe 11 Desemba 2018 Mahakama ya Juu iliamua kwamba mtoto ambaye sheria ya ndoa ya Kihindu inamtambua kuwa halali hawezi kunyimwa nafasi ya kufikiriwa eti kwa sababu ndoa ya mama yake ilifungwa wakati ya kwanza bado ipo. Hukumu hiyo inamfaa mtoto. Mama wa pili mwenyewe hapati haki kwa njia hiyo.

Sasa hesabu ya nyumbani. Mama ana miaka 41, mtoto wa kwanza ni mvulana wa miaka 14. Wazee wa ukoo wanakaa na kushauri: mama asihangaike na ofisi, tungoje miaka 4 mvulana aombe. Ushauri huu umeharibu familia nyingi kuliko kanuni yoyote. Umri wa chini ni 18 na haulegezwi. Umri wa juu unalegezwa. Mama wa miaka 41 anaweza kuajiriwa leo, mvulana hawezi. Na akifikisha 18, ataulizwa: mliishije miaka hiyo 4? Mkiishi vizuri, dhiki imekwisha. Mkiishi vibaya, mbona hamkuomba? Novemba 2024 Mahakama ya Juu ilimkatalia kijana wa Haryana ambaye baba yake, askari polisi, alifariki mwaka 1997 yeye akiwa na miaka 7, akaomba baada ya kuwa mtu mzima. Baba alifia kwenye kazi ya hatari, na bado jibu lilikuwa hapana.

Kisomo nacho kisiwe kisingizio cha kumweka mama kando. Mjane anayeajiriwa katika kada ya MTS, ile ya kazi mchanganyiko za ofisini (kupeleka faili, kufungua na kufunga ofisi, usafi, nakala), anaweza kusamehewa sharti la kufika darasa la 10 mradi kazi zenyewe anaziweza. Waombaji wengine wasiofikia kisomo huweza kuchukuliwa kwanza kama wanafunzi wa kazi, kwa malipo yaliyo chini ya ngazi ya kawaida, hadi wapate sifa. Baadhi ya idara humwongezea mjane alama anapojiombea mwenyewe. Kwa jumla, mama akiwa na afya na nia, yeye ndiye mwombaji mwenye nguvu. Kijana wa miaka 22 mwenye shahada anaonekana kufaa zaidi machoni pa ukoo, lakini kamati inamwona mtu anayeweza kufanya mtihani kama wenzake.

Mkishaamua, wengine wote walio watu wazima waandike hati ya kiapo ya kuridhia. Familia moja, nafasi moja. Ndugu wawili wakileta maombi mawili, ofisi haitawachagulia. Itayaweka yote mawili pembeni hadi mpatane.

Hatua ya 4: Jaza Sehemu A bila kuacha nafasi tupu

Fomu ina sehemu mbili. Sehemu A unaijaza wewe, Sehemu B inajazwa na ofisi. Fomu haiuzwi, na anayedai "ada ya faili" ni dalali. Afisa ustawi wa ofisi ya marehemu anatakiwa kukutana na familia mara baada ya kifo, kuieleza na kuisaidia kujaza. Asipokuja, mwandikieni.

Sehemu A inauliza habari za marehemu, za mwombaji, mafao yaliyopokelewa, bima ya maisha, mali inayohamishika na isiyohamishika, madeni, na orodha ya wanafamilia na kipato cha kila mmoja. Mambo matatu huwakwaza watu.

Kwanza, ardhi ya ukoo. Mtu anaandika "ekari 6" kwa sababu ndivyo ilivyo kwenye daftari la kijiji, kumbe ni ya ndugu watano na haijagawanywa. Omba Tehsildar au Patwari, karani wa ardhi wa kijiji, aandike hisa ya marehemu peke yake na mapato yake kwa mwaka. Pili, madeni. Mkopo wa benki ulete na barua ya benki inayoonyesha baki. Deni la mkopeshaji wa mtaani lisilo na karatasi linaandikwa, lakini lina uzito mdogo. Tatu, mwanafamilia mwenye kazi. Kama kaka mkubwa ameajiriwa, msimfiche. Waraka hauzuii ombi la familia yenye mtu anayepata kipato. Unataka tu kibali cha katibu wa wizara, baada ya kupima kipato hicho, idadi ya wategemezi, mali na madeni, na kama mtu huyo anaishi na familia au amejitenga. Kaka aliyehamia mji mwingine na kuacha kutuma fedha ni jambo la kuthibitishwa: kadi ya mgao wa chakula inayoonyesha kaya tofauti, mkataba wa nyumba, taarifa za benki za mama.

Mwisho wa fomu kuna tamko kwamba maelezo yakigundulika kuwa ya uongo ajira inaweza kusitishwa. Hugundulika. Mara nyingi ni jirani au ndugu mwenye kinyongo anayepeleka barua, miaka 3 baadaye.

Penye jibu la hapana andika "hakuna". Nafasi tupu husomwa kama kuficha.

Hatua ya 5: Peleka, pokea namba, fuata Sehemu B

Peleka ombi masjala ya ofisi aliyofanyia kazi marehemu, na nakala yako igongwe muhuri wenye tarehe na namba. Tarehe hiyo ina kazi kubwa, kwa sababu umri wa mwombaji hupimwa kwa siku ya kuomba, hata kama uteuzi utakuja miaka 2 baadaye.

Sehemu B husinzia mezani. Afisa lazima athibitishe utumishi wa marehemu, mafao na hali ya familia, na mara nyingi faili linangoja kitengo cha pensheni. Ulizia kila mwezi kwa barua fupi yenye namba ya faili. Simu haina kumbukumbu.

Hatua ya 6: Elewa hesabu ya alama kabla kamati haijakaa

Nafasi zenyewe ni za kundi C tu, na hazizidi asilimia 5 ya nafasi wazi za ajira ya moja kwa moja. Idara yenye nafasi 40 mwaka huo ina 2 za huruma. Yenye 12 haifikishi hata moja, na ndiyo maana upo utaratibu wa kuzichanganya nafasi za kada ndogo ndogo ili ipatikane moja. Kwa hiyo unashindana na familia nyingine zenye msiba kama wako, na kinachotenganisha ni alama.

Wizara ya Ulinzi ilianza kutumia kipimo cha alama 100 mwaka 2001, na idara nyingine zikafuata mtindo huo. Mgawanyo wake ni huu: pensheni ya familia 20, mafao ya mkupuo 10, kipato cha mwezi cha wanafamilia na cha mali 5, mali yenyewe 10, idadi ya wategemezi 15, mabinti wasioolewa 15, watoto wadogo 15, miaka ya utumishi iliyokuwa imebaki 10. Kwenye fedha na mali, kadiri unavyopata kingi ndivyo alama zinavyopungua. Jumla yake ni 45. Zilizobaki 55 zinatokana na sura ya familia na umri wa marehemu.

Wategemezi, mabinti na watoto wadogo huhesabiwa kwa mtindo mmoja: mmoja alama 5, wawili 10, watatu na kuendelea 15. Miaka iliyobaki: hadi 5 ni alama 2, hadi 10 ni 4, hadi 15 ni 6, hadi 20 ni 8, zaidi ya hapo 10.

Chukua mtumishi aliyefariki na miaka 42, akibakiza 18 kufikia 60. Ameacha mjane, mabinti wa miaka 16 na 9, na mvulana wa 20 anayesoma. Wategemezi 15, mabinti 10, watoto wadogo 10, utumishi uliobaki 8: jumla 43 kati ya 55. Mwenzake amefariki na miaka 58, akaacha mjane na kijana wa miaka 24 asiye na kazi. Wategemezi 10, mabinti 0, wadogo 0, utumishi 2: jumla 12. Hata huyu wa pili akiwa hana kiwanja wala akiba, hamfikii wa kwanza kwa urahisi. Familia ya aina ya pili inafaa ijue hilo mapema, itafute njia nyingine wakati ombi linaendelea.

Angalia pia kwamba binti wa miaka 9 anagusa vipengele vitatu kwa mpigo. Ndiyo maana mtoto aliyesahaulika kwenye orodha ya familia, tuliyemtaja katika hatua ya 2, anaweza kuigharimu familia alama 15.

Kwa watumishi wa pensheni ya zamani, familia hulipwa asilimia 50 ya mshahara wa mwisho kwa miaka 10 ya kwanza tangu kifo, halafu asilimia 30, na haishuki chini ya rupia 9,000 kwa mwezi. Usishangae basi pensheni hiyo ikikula alama nyingi mwanzoni. Kupata pensheni peke yake si sababu ya kufunga mlango. Ni kipengele kimojawapo cha hesabu.

Kamati ina maofisa watatu, mwenyekiti na wajumbe wawili, na inapaswa kukaa wiki ya pili ya kila mwezi kupitia maombi ya mwezi uliotangulia. Kalenda hiyo haifuatwi kila mahali, na idara nyingi hungoja hadi zijue nafasi za mwaka. Mwombaji anaweza kuitwa kueleza hali yake. Akiitwa, apeleke karatasi halisi na aseme takwimu zilezile za kwenye fomu. Mapendekezo huenda kwa mwenye mamlaka, ambaye wizarani ni ofisa wa cheo cha Joint Secretary anayesimamia utawala, na katika ofisi za chini ni mkuu wa idara.

Hatua ya 7: Barua ya uteuzi ikija

Soma kada, kituo na masharti kabla ya kusaini, kwa sababu ukishaikubali nafasi huwezi kurudi kuomba nyingine iliyo bora kwa msingi wa huruma. Hali iliyokufanya ufikiriwe inahesabiwa kuwa imekwisha siku ulipopokea kazi. Mwenye shahada anayeingia MTS atapanda kwa mitihani ya ndani na vyeo kama wenzake.

Utasaini ahadi ya kuwatunza wategemezi wengine wa marehemu. Ahadi hiyo ina meno: mama au mdogo akilalamika kwa maandishi kwamba ametelekezwa, na ikathibitika, ajira inaweza kusitishwa. Familia zenye busara hukubaliana kiasi cha mwezi na kukipitisha benki, ili pande zote mbili ziwe na ushahidi. Mjane akiolewa tena anaendelea na kazi yake, na asitokee mtu wa kumtisha kwa hilo. Wa makabila na tabaka zilizotengewa nafasi kisheria huingizwa kwenye hesabu ya nafasi za kundi lao, kwa hiyo cheti cha tabaka kiwe tayari.

Hatua ya 8: Ukikataliwa

Tofautisha majibu mawili. "Hukufikia alama za waliochukuliwa mwaka huu" maana yake ombi linaweza kufikiriwa tena. "Hustahili" maana yake wamelifunga. Kama barua ni ya sentensi moja isiyo na sababu, andika kuomba uamuzi wenye sababu.

Halafu tumia sheria ya haki ya kupata habari ya 2005. Ada ni rupia 10, jibu ndani ya siku 30. Omba alama zako kwa kila kipengele, alama za wa mwisho aliyechukuliwa, idadi ya nafasi wazi za mwaka huo na jinsi asilimia 5 ilivyokokotolewa. Makosa hupatikana humo: ardhi ya ndugu watano imehesabiwa yote, mtoto mdogo hayumo, miaka iliyobaki imekokotolewa kutoka tarehe isiyo sahihi.

Wapo makarani wanaofunga faili kwa kudai muda wa miaka 3 umepita. Ukomo huo uliwekwa mwaka 2003 na kuondolewa kwa waraka wa 26 Julai 2012. Taja tarehe hiyo kwenye barua yako. Lakini usiitegemee kupita kiasi: ombi la kifo cha miaka 5 au zaidi iliyopita huangaliwa kwa tahadhari kubwa, kwa hoja ileile kwamba familia iliyovuka miaka yote hiyo ilikuwa na kitu cha kushika.

Rufaa ya ndani ikishindikana, nenda Mahakama ya Utawala ya serikali kuu, CAT. Ada ya kufungua shauri ni rupia 50, na muda ni mwaka mmoja tangu uamuzi wa mwisho. Kama uliandika lalamiko halikujibiwa, unangoja miezi 6, kisha mwaka mmoja unaanza kuhesabiwa hapo. Kuandika malalamiko mengine matano hakuongezi muda; wengi wamepoteza kesi wakidhani wanaongeza. Baada ya CAT ipo Mahakama Kuu ya jimbo.

Mahakama hizi kwa kawaida haziamuru uajiriwe. Zikiona kosa, hulirudisha faili kwa ofisi lifikiriwe upya ndani ya muda fulani, na linakwenda mbele ya kamati yenye asilimia 5 ileile na watu wapya kwenye foleni. Siku hiyo kamati itauliza hali ya sasa. Kwa hiyo kesi ikiwa inaendelea, weka pamoja kila risiti ya karo, kila barua ya benki ya deni lisilolipwa na kila cheti cha hospitali, zenye tarehe za miezi ya karibuni, na uzipeleke pamoja na nakala ya amri ya mahakama.